Muulize Bi Mwalimu: Fundi saa, jicho la pweza na mifupa ya Tendaguru

Toleo lililopita niliandika aya mbili tu kuhusu dinosaria, mijusi wakubwa wa kale ambao mifupa yao ilichimbwa Tendaguru hapa mkoani Lindi, nikagusia kwamba viumbe hugeuka polepole, kizazi baada ya kizazi. Aya mbili hizo zimenizalia mfuko mzima wa barua. Walionitukana nimewasamehe; nimefundisha biolojia sekondari za Lindi na Mtwara mpaka nikastaafu, matusi si mageni kwangu. Waliouliza nawajibu hapa, na fundi saa nitakaa naye zaidi, maana swali lake ndilo mama wa mengine.

Shikamoo Bi Mwalimu. Mimi ni fundi saa hapa Lindi mjini, kazi niliyorithi kwa marehemu baba. Kila nikifungua saa naona magurudumu, springi na vijiwe, kila kimoja mahali pake. Hakuna mwenye akili timamu atakayesema saa ilijitengeneza. Jicho la binadamu ni gumu kuliko saa. Wewe ni Mwislamu, tunakuona msikitini. Unawezaje kuwaambia watoto wetu kwamba jicho lilitokea tu? Qurani inatuhimiza tumtazame ngamia jinsi alivyoumbwa. — *Fundi saa, Lindi*

Marahaba, fundi. Hoja yako ina umri mkubwa. Mwaka 1802 kasisi mmoja wa Uingereza, William Paley, aliiandika karibu kama ulivyoiandika wewe: ukipita nyikani ukajikwaa kwenye jiwe, utasema lilikuwepo siku zote, ukiokota saa, huwezi kusema hivyo, lazima yupo aliyeitengeneza. Kisha akaligeukia jicho. Kijana Charles Darwin alimsoma Paley akiwa mwanafunzi Cambridge na akamkubali kweli kweli. Ndiyo maana mwaka 1859, alipotoa hoja yake mwenyewe, hakulikwepa jicho. Alikiri kwamba kudai limetokana na mabadiliko madogo madogo kunaonekana upuuzi mtupu, halafu akaanza kueleza kwa nini si upuuzi.

Mimi naanza na jambo ambalo wewe unalijua kuliko Paley: saa hazizai. Fungia saa ya kike na ya kiume kabatini miaka kumi, hutakuta kitoto cha saa. Zingekuwa zinazaa, na watoto wakatofautiana kidogo na wazazi, na zinazochelewa zikafa kabla hazijazaa, basi baada ya vizazi vingi ungekuwa na saa zinazokwenda sawasawa bila fundi kuzigusa. Hoja ya Darwin ni hiyo. Hakuna anayesema jicho lilidondoka siku moja kwa bahati. Tofauti ndogo ndogo huja bila kulenga kitu, lakini kubaki au kufutika kwa tofauti hizo si bahati. Maisha yenyewe yanachuja.

Utauliza: nusu ya jicho ina faida gani? Njoo Mikindani maji yakitoka. Kwenye mwamba utakuta konokono wadogo wenye kigamba cha umbo la kofia, wameganda kiasi kwamba unahitaji kisu kuwabandua. Macho yao ni vishimo tu, havina lenzi. Vinawaambia kuna mwanga au kivuli, na kivuli kinatoka upande gani. Kwa anayeishi kwa kujibana mwambani, hiyo inatosha. Ndugu yao wa mbali, nautilasi wa bahari kuu, jamaa ya pweza mwenye kombe, kishimo chake kimezama zaidi na mdomo umebanwa ukawa kitundu. Anapata taswira hafifu, bado bila lenzi. Ngazi hizo zipo hai baharini leo, na kila mwenye jicho la daraja lake anakula na kuzaa. Mwaka 1994 wanasayansi wawili wa Sweden, Nilsson na Pelger, walipiga hesabu kutoka kipande bapa cha ngozi inayohisi mwanga hadi jicho lenye lenzi kama la samaki, wakichukulia mabadiliko madogo sana kila kizazi. Walipata vizazi visivyofika 400,000. Kwa kiumbe kinachozaa kila mwaka, muda huo ni mdogo sana katika historia ya dunia.

Sasa nifuate agizo la kutazama. Ngamia hatuna huku kwetu, tumtazame pweza. Jicho lake lina lenzi, lina mboni, lina ukuta wa nyuma unaopokea mwanga, kama letu. Lakini nyuzi za neva za pweza zinatokea nyuma ya ukuta ule na kwenda moja kwa moja kwenye ubongo. Zetu sisi zinapita mbele, upande mwanga unakoingilia, kisha zinakusanyika na kutoboa ukuta ili zitoke nje. Pale zinapotoboa, hatuoni kitu.

Usinikubalie bure, jaribu. Weka korosho mbili juu ya mkeka, ziachane upana wa kiganja. Ziba jicho la kushoto, kwa jicho la kulia ikazie macho korosho ya kushoto, kisha inamisha uso polepole kuanzia nusu mita hivi. Usihamishe macho. Kuna mahali korosho ya kulia itapotea kabisa, utaona mkeka mtupu. Ukisogea kidogo inarudi. (Wajukuu zangu waliufanya mchezo huu mpaka korosho zikaisha, na si kwa kupotea.)

Basi niambie wewe fundi: aliyejua kupitisha nyuzi nyuma kwa pweza, kwa nini apitishe mbele kwa mtu? Wapo wanaotetea kwamba mpangilio wetu una faida zake: seli zinazopokea mwanga zinakaa karibu na damu nyingi ya kuzilisha, na zipo seli nyingine zinazousafirisha mwanga kupita katikati ya nyuzi. Ni kweli. Ila pweza naye anaona vizuri bila mzunguko huo, waulize wanaomfuata na mkuki. Mimi viungo vilivyonyooka havinisaidii kuamua, maana pande zote mbili zinavidai. Ninatazama vilivyopinda. Jicho letu lilianza kama mkunjo wa ubongo, la pweza lilianza kama mkunjo wa ngozi. Kila moja lilirithi mwelekeo wa nyuzi kutoka lilikoanzia, na hakuna kizazi kilichopata nafasi ya kulibomoa na kuanza upya.

Kuhusu swala zangu: sijawahi kuswali kwa sababu ya jicho. Wala sikuacha kwa sababu yake.

Bi Mwalimu, korosho inaning'inia nje ya tunda, chini ya bibo. Mbegu gani nyingine inakaa nje? Kwangu huo ni ushahidi kwamba Mungu aliiweka pale ili sisi tuichume kirahisi. — *Mkulima, Newala*

Ndugu yangu, kachunguze mkorosho unapoanza kuzaa. Korosho ndiyo inayotangulia kukua, kijani, hadi inafikia ukubwa wake. Bibo ni kikonyo tu, kinavimba baadaye. Kwa hiyo tunda lenyewe hasa ni korosho. Na kama iliwekwa kwa urahisi wetu, mbona ganda lake lina mafuta yanayobabua mikono ya kina mama wanaobangua? Mafuta yale yanailinda mbegu isitafunwe. Kwao Brazili, ambako Wareno waliutoa karne ya 16, popo hubeba bibo, hula nyama tamu na kuiangusha korosho mbali na mti mama. Bibo ni nauli ya popo. Sisi tumedandia baadaye.

Ila umenipa nafasi ya kusema jambo ninalolipenda. Mabibo yana vitamini C nyingi, yanalipita chungwa mara kadhaa. (Najua wengine mnayajua zaidi kwa pombe ya uraka. Endeleeni, sikuoni.) Wewe ukikosa vitamini C kwa miezi, ufizi unatoa damu na vidonda haviponi. Mbuzi wako haumwi ugonjwa huo hata asipoonja tunda maisha yake yote, kwa sababu mwili wake unaitengeneza kutoka kwenye sukari. Mwili wako pia unazo hatua karibu zote za kuitengeneza. Inakosekana hatua ya mwisho, na kinasaba cha hatua hiyo unacho! Kipo, ila kimeharibika, kimekatika vipande, hakisomeki. Sokwe naye anacho kilichoharibika, na nyani vivyo hivyo. Simbilisi, wale wanaofugwa kwa ajili ya nyama Nyanda za Juu Kusini, nao kimewaharibikia, lakini uharibifu wao ni wa namna yake, haufanani na wetu. Wetu na wa sokwe unafanana.

Watu wawili wakileta majibu sahihi yanayofanana kwenye mtihani, siwezi kuwashuku. Wakileta makosa yaleyale, kwenye mstari uleule, najua walinakili pahali pamoja. Nimesahihisha mitihani maisha yangu yote, na hoja hii ndiyo iliyonimaliza mimi kuliko mifupa yoyote. Anayesema mtu na sokwe walibuniwa kila mmoja peke yake anieleze kwa nini mbunifu aliwapa wote chombo kibovu, kimevunjika vilevile.

Kuhusu mikorosho, nenda Naliendele kwenye kituo cha utafiti. Watakuonyesha walivyochagua miti mama inayozaa sana na kuvumilia ugonjwa wa ubwiriunga, wakaizalisha, wakabebesha miche. Mkorosho unabadilika mkichagua ninyi. Darwin alianza kitabu chake na mambo hayohayo ya wafugaji na wakulima, akauliza kama njaa, ugonjwa na ukame navyo havichagui.

Mchungaji wetu anasema mifupa ya Tendaguru ni wanyama waliozama kwenye gharika ya Nuhu. Je, ni kweli? — *Mwanakwaya, Nachingwea*

Hapana, mwanangu. Wajerumani waliochimba kati ya 1909 na 1913, pamoja na mamia ya watu wa kwetu chini ya msimamizi Boheti bin Amrani, hawakukuta lundo moja la mifupa. Walikuta tabaka la mifupa ya mijusi, juu yake mchanga wenye makombe ya bahari, juu yake tena mifupa, tena makombe, tena mifupa, na makombe juu kabisa. Bahari iliingia na kutoka zaidi ya mara moja, na kila ilipotoka mijusi walirudi. Gharika moja haipangi hivyo. Na katika zaidi ya tani 200 zilizobebwa vichwani na mabegani hadi bandari ya Lindi, mwendo wa siku nne hivi, hakuna mfupa wa ng'ombe, wala wa twiga, wala wa mtu. Tabaka zile zina miaka kama milioni 150.

Kwa kuwa umemtaja mnyama wa Tendaguru: yule mkubwa aliyesimamishwa Berlin mwaka 1937, mwenye urefu wa zaidi ya mita 13 kwenda juu, anaitwa Giraffatitan kwa sababu ya shingo ya kitwiga. Twiga, mnyama wetu wa taifa, ana neva inayotoka ubongoni kwenda kwenye koo la sauti. Safari ni ya sentimita chache tu. Lakini neva hiyo inateremka shingo nzima hadi kifuani, inazunguka mshipa mkubwa wa damu karibu na moyo, halafu inapanda tena shingo nzima. Wewe pia unayo, ya kwako fupi. Ndege wanayo, mamba wanayo, kwa hiyo hatuna sababu ya kudhani mjusi wa Tendaguru aliikosa. Hesabu shingo yake mara mbili. Kwa samaki neva ya namna hii inapita njia fupi nyuma ya matamvua. Shingo ilipoota na moyo ukashuka, neva ilinaswa upande wa chini wa mshipa na kuvutwa nao. Ni kama mashua inayofanyiwa ukarabati ikiwa safarini: unaweza kubadili ubao mmoja mmoja, lakini huwezi kuutoa mkuku na kuupinda upya, utazama na abiria wako.

Ninasoma chuo hapa Mtwara. Mhadhiri wa nje alituambia sayansi yenyewe imemkataa Darwin: mkia wa bakteria una mota yenye sehemu nyingi, ukitoa moja haufanyi kazi, hivyo haukuweza kujengeka polepole. Bi Mwalimu wasemaje? — *Mwanachuo, Mtwara*

Hoja hiyo ni ya Michael Behe, mwanabiokemia wa Marekani, aliyeitoa mwaka 1996. Ni mtu msomi, simdharau. Lakini bakteria wa tauni ana chombo kama sindano cha kuchomea sumu kwenye seli zetu, na sehemu zake kadhaa ni ndugu wa sehemu za mkia ule. Sisemi mkia ulitokana na sindano. Wataalamu wengi wanaona sindano ndiyo iliyotokana na mkia. Nasema tu kwamba sehemu chache za mota bila zilizobaki zinaweza kufanya kazi nyingine, na hapo "ukitoa moja haifai kitu" inaanguka. Mwaka 2005 hoja hizi zilipelekwa mahakamani Pennsylvania, katika kesi ya wilaya ya shule ya Dover, Behe mwenyewe akatoa ushahidi. Jaji John Jones, aliyeteuliwa na Rais Bush, akaamua kwamba si sayansi. Jaji si mwanasayansi, sikutegemei umwamini yeye. Ila mhadhiri wako je, aliwaambia kwamba Behe anakubali mtu na sokwe wana mababu wamoja? Anakubali. Ugomvi wake ni kama mabadiliko ya kawaida yanatosha.

Mwaka 2007 Behe huyohuyo alitumia mfano wa kwetu, klorokwini. Wenye umri wangu mnaikumbuka, ile iliyokuwa inawasha mwili mpaka unatamani malaria irudi. Vimelea vikaizoea, mwaka 2001 Tanzania ikaiacha kama dawa ya kwanza, ikaja dawa ya SP, navyo vikaizoea, tukahamia dawa mseto. Behe anasema klorokwini ni karibu na mwisho wa uwezo wa kimelea kujibadili bila msaada. Mpaka huo kauchora yeye. Mimi natazama majirani zetu wa Malawi: waliiacha klorokwini mwaka 1993, na zaidi ya miaka kumi baadaye watafiti walipoijaribu wakakuta inatibu tena. Dawa ilipoondoka, vimelea vilivyobeba mzigo wa usugu vilishindwa na vile vyepesi. Uchujaji wa Darwin huo, kwenda na kurudi, katika umri wa mtoto wa sekondari.

Binti yangu yuko kidato cha nne. Mada ya mageuko ya viumbe ipo kwenye mtihani, na madrasa wanamwambia akiandika amekufuru. — *Mzazi, Masasi*

Mwambie aandike anachoulizwa, kwa hoja na mifano, apate maksi zake. Mtihani unauliza wanabiolojia wanasemaje, hauchukui shahada ya imani yake. Na ustadhi wake akitaka kuzungumza, nipo nyumbani kila jioni baada ya Alasiri.

Mwanangu ana selimundu. Kanisani tunaambiwa kila chembe ya mwili imepangwa kwa hekima. Nikimshika usiku anapolia kwa maumivu ya mifupa, nauliza hekima gani hii. — *Mama, Ndanda*

Pole sana, dada yangu. Swali lako sitalijibu lote, hata hivyo kuna kitu unastahili kujua. Selimundu inatokana na herufi moja tu iliyobadilika kwenye kinasaba cha damu. Mwaka 1954 daktari Anthony Allison, aliyekulia Kenya, alionyesha kwamba mtu aliyerithi nakala moja ya badiliko hilo anastahimili malaria kali kuliko asiye nayo. Ndiyo maana limeenea hasa kwenye nchi za mbu kama yetu. Kwa mababu zetu wa pwani nakala moja iliokoa watoto wengi, wakazaa, wakairithisha. Wazazi wawili wenye nakala moja moja wakikutana, kila mimba ina nafasi moja kati ya nne ya mtoto kupata mbili.

Hakuna aliyekaa akampangia mwanao maumivu. Wanaosema kila chembe imebuniwa kama ilivyo wanamtwisha Mungu na hili, na sidhani wamelipima. Wewe na baba yake hamkukosea kitu. Msiache kliniki, mnyweshe maji mengi, alale kwenye chandarua kila siku, na akipata homa mwende hospitali saa hiyohiyo. Kabla ya mimba nyingine ongeeni na daktari wenu kuhusu vipimo.

Samaki silikanti anayepatikana huku kwetu hajabadilika kwa mamilioni ya miaka. Mageuko yako wapi? Na je, analika? — *Mvuvi, Kilwa Masoko*

Wanasayansi walidhani amekwisha pamoja na mijusi wale, mpaka alipovuliwa mmoja Afrika Kusini Desemba 1938. Kwenye maji yetu ya kusini alianza kuonekana 2003. Lakini silikanti wa leo si yule wa kwenye mawe. Wale wa kale wengi walikuwa wadogo, maumbo yao mbalimbali, wengine waliishi hata kwenye maji baridi. Wa leo wapo aina mbili, wetu na wa Indonesia, na vinasaba vyao vimetofautiana. Anabadilika polepole, kweli. Anakaa kwenye mapango ya kina kirefu, baridi, ambako mambo hayabadiliki sana. Mageuko hayamlazimishi kila kiumbe kukimbia.

Halafu hapana, haliki. Nyama yake ina mafuta mengi yanayoharisha. Akiingia kwenye jarife lako akiwa hai mrudishe majini, na akiwa amekufa mpelekee afisa uvuvi.